Mtumbwi Usioazimwa

Katikati ya mto, wasafiri waliotoka Kalima, vumbi jekundu bado masikioni, waliuliza wanashukia wapi. Mwanamke aliyekaa mbele yao akawaonyesha ng'ambo kwa kidevu. Mikono yake ilikuwa mapajani, haijui la kufanya. Tangu vita, Aziza ndiye aliyekuwa akivusha watu kati ya Alunguli na mjini Kindu. Leo alikuwa abiria.

"Mama Aziza, leo utalipa sawa watu wote!" mpiga kafi alimchokoza.

"Piga kafi, Twaibu. Unachapa maji kama muntu anafukuza inzi."

Abiria wakacheka. Yeye hakucheka. Mtumbwi wake ulikuwa umelala juani kwenye ua wa polisi mjini, tangu ulipokamatwa ukiwa na magunia ya wizi ya kasiterite, madini ya bati. Aliyeyapakia ni Valère, mtu ambaye Aziza alimwajiri apige kafi siku ambazo goti lake mwenyewe linauma. Valère yuko gerezani, kesi haijasikilizwa, na mtumbwi ni kielelezo. Mti uliozoea mto ukikaushwa hupasuka. Mwanzoni ni ukucha tu uliingia kwenye ufa. Asubuhi hiyo, aliposhuka mtoni akapita uani, ufa ulimeza ncha ya kidole.

Kwenye ofisi ya waendesha mashtaka, ambayo Kindu wanaiita parke, gari la kwenda Pangi lilikuwa linanguruma mlangoni. Magistra, yaani mwendesha mashtaka, Mama Pélagie, alikuwa anasafiri kwa majuma kadhaa. Alikuwa amekubali ombi la Aziza: mtumbwi urudi kwa mwenyewe mpaka hukumu, usiuzwe, usibadilishwe, uletwe ukiitwa. Karani wake, Rémy, akaifasiri karatasi ya Kifaransa.

"Mama, njo hivi: serikali inakuazima mutumbwi mpaka siku ya hukumu. Weka kidole hapa."

Kidole kilikuwa tayari kwenye wino. Aziza akakirudisha.

"Inaniazima nini?"

"Mutumbwi."

"Wa nani?"

Rémy akatabasamu. "Wa kwako, mama."

"Sasa muntu anaazimwa kitu yake?"

Honi ikalia nje. Rémy alikuwa mtoto wakati wa vita, asingejua. Siku hizo askari walishuka gatini wakamwambia Hamadi, mume wake: tunakuazima, wewe na mutumbwi, mpaka kesho. Walisema kwa upole, hata wakamsaidia kusukuma. Hamadi aliondoka amesimama nyuma, kafi mkononi. Hakurudi yeye, haukurudi mtumbwi. Aziza akajifunza kupiga kafi, akachongesha mtumbwi mwingine.

"Mama," magistra alisema, mkoba begani, "usipoweka kidole, mutumbwi unabaki palepale. Mimi naenda."

"Utapasuka, Mama magistra. Najua kuliko ninyi. Lakini nikikubali mumeniazima, siku nitakufa watoto wangu wataambiwa ulikuwa wa serikali. Hilo neno nilishalisikia. Halirudishe kitu."

Dereva akachungulia, akarudi garini.

"Unataka tuseme nini?" magistra akauliza.

"Sema mutumbwi njo wake. Anauchunga. Tukimwita, anauleta."

"Na usipouleta?"

"Munifunge mimi. Mimi sipasuke na jua."

Rémy akaguna kicheko, akakimeza. Magistra akamnyang'anya karani kalamu, akaandika mistari miwili kwa Kiswahili chini ya ile ya Kifaransa, akaisoma kwa sauti: wake, anauchunga, atauleta. Wino ulikuwa umekauka kidoleni. Aziza akachovya tena.

Wanaume wa gatini waliubeba mtumbwi kutoka ua wa polisi hadi majini. Ulipoelea tu, maji yakapenya kwenye ufa. Aziza akafungua kitambaa cha kichwani, akaanza kukisokomeza.

"Mama! Tulisema usibadilishwe!" Rémy, aliyetumwa kushuhudia, alipiga kelele.

"Ni kitambaa, papa. Siku ya hukumu nitakitoa, nitakuvalisha wewe."

Wasafiri wa Kalima, ambao walikuwa wamemaliza shughuli zao, wakasogea na mizigo.

"Mutubebe, mama?"

"Leo hapana. Acha kwanza mti unywe maji, uvimbe, ufunge ufa. Kesho."

Akasukuma, akaruka ndani, akaelekea Alunguli. Alipiga kafi mara kadhaa, akainama kuchota maji kwa sahani, akapiga tena, na mkondo ukimteremsha na mto kila alipoinama. Wote waliobaki gatini walisimama, Rémy mbele yao na viatu vyake majini, wakimtazama akizidi kuwa mdogo, akichota, akipiga.