Fagio la Anastazia

Anastazia Makungu ni mtoto wa mtaa wa Ng'ambo, na asiyeamini amsikilize akigombania bei ya samaki changu. Baba yake, fundi seremala, alitoka bara. Yeye kazaliwa hapa hapa, ukuta mmoja na chuo cha Kurani. Jumapili huenda kanisani na mama yake, na jirani hawamuulizi zaidi ya, "Leo padri kawaweka sana?"

Uhuru alipewa shuleni. Mwalimu Sabri, mwalimu mkuu, ni mtu mwema, nisimsingizie. Alimwita ofisini mwanzo wa Kidato cha Pili.

"Hapa hatumlazimishi mtu dini. Kipindi cha Dini utatoka nje, uwe huru."

"Ahsante, Mwalimu. Nende maktaba nikasome hisabati?"

"Maktaba imefungwa. Na mtoto kukaa bure si adabu. Chukua fagio."

Basi wenzake wakifungua vitabu vya Dini, Anastazia hushika fagio la chelewa. Kuna mwarobaini uwanjani pale, jamani, unapukutisha majani kama umetumwa. Na hisabati zilikuwa zinamshinda, mtihani wa taifa uko njiani, naye kutwa hana nafasi ila kipindi kile. Aliomba tena.

"Mwanangu," Mwalimu akamwambia, "uhuru usiutumie vibaya."

Rafiki yake Mardhiya alimchungulia dirishani. "Ana, na mie nataka dini yako. Yetu ina mtihani."

"Njoo. Fagio la pili lipo."

Shule ikashinda usafi mkoa mzima. Ikaletwa ngao, na mgeni rasmi, Bi Riyama. Mwalimu Sabri akamchagua Anastazia atoe shukrani, ili ionekane wanafunzi wana uhuru wa maoni. Maoni yake alikabidhiwa jana yake, yamepigwa chapa.

"Yaseme kama yako," Mwalimu alimsisitiza.

Akayasema, vizuri tu. Ila Bi Riyama hakutosheka. "Hebu nambie, mwanangu, siri ya usafi huu nini?"

Hilo karatasini halikuwamo. Anastazia akamtazama Mwalimu Sabri. Mwalimu Sabri akaitazama ngao.

"Dini yangu, Bibi."

"Dini yako?"

"Naam. Wenzangu wakisoma Dini, mie nafagia. Nliomba nsome hisabati, ila maktaba imefungwa."

Mardhiya alijitia mtandio mdomoni. Bi Riyama akasema, taratibu, angependa kuiona hiyo maktaba. Ufunguo ulitafutwa mpaka ukaonekana mfukoni mwa Mwalimu mwenyewe. Ndani mlikuwa na vitabu, na viti vizuri vya wageni rasmi.

Siku hizi kipindi cha Dini Anastazia hukalia kimojawapo. Mtihani kapita, hisabati si kwa kutisha, lakini kapita. Mwalimu Sabri huwaonesha wageni ile maktaba, akawaeleza alivyobuni mwenyewe kuifungua.

Ngao mwaka huu imekwenda shule ya Kiembe Samaki. Mwarobaini nao unapukutisha utakavyo.