Siku Lempi Alipotenganisha "He" na "She"

Lempi Kangasniemi alikuwa mwoka mikate wa mtaa wetu pale Hancock, Michigan, na mimi nilimkandia unga kwa miaka mingi. Kifini chetu kina neno moja tu, "hän", la mwanamume na la mwanamke, sawasawa na "yeye". Kiingereza kinataka mwanamume awe "he" na mwanamke awe "she". Lempi aliyachanganya bila huruma. Hata mchungaji alimwita "she", na wateja hawakuacha kumtania.

"Lempi, mchungaji leo kavaa gauni gani?"

"La maua! Chukua mkate wako, uende zako," alijibu, akicheka nao.

Majira ya baridi, gari la tajiri Pascoe likamgonga mzee mmoja mbele ya duka letu, likamvunja mguu. Usukani ulikuwa mikononi mwa binti wa tajiri. Eino, dereva wao, alikaa pembeni. Aliyeshtakiwa ni Eino. Mimi nilikuwa nyuma kwenye tanuri. Aliyeona, kupitia dirishani, ni Lempi peke yake.

"Omba mkalimani, dada," nilimsihi.

"Sitaki. Nikisemewa, watasema maneno yamegeuzwa njiani. Nitasema mwenyewe."

Akaenda kwa Bi Tregear, aliyewafundisha wageni Kiingereza. Huyo akamweleza kwamba mwanamume akitenda ni "he", akitendewa ni "him". Mwanamke akitenda ni "she", akitendewa ni "her". Tangu hapo tulikanda unga kwa wimbo huo. Mpaka usingizini niliusikia.

Mahakamani alivaa koti lake la kanisani.

"Nani alikuwa akiendesha?" wakili wa mashtaka akamuuliza.

"He..." alisema Lempi.

Mama yake Eino akajishika kifua. Mimi nikafumba macho.

"Hapana! She. She alikuwa akiendesha."

"Mama, tushike lipi sasa?" wakili akamuuliza Lempi.

Lempi alimgeukia hakimu, uso umemwiva. "Mheshimiwa, lugha yetu ina neno moja kwa wote. Ulimi wangu ndio uliojikwaa, macho yangu hayakujikwaa."

Hakimu akasogea mbele. "Basi nionyeshe kwa kidole, na useme polepole."

Kidole kikaenda kwa binti Pascoe. "She aliendesha. Mzee alipoanguka, she alibaki garini." Kikahamia kwa Eino. "He alikaa pembeni yake. He alishuka mbio, akamfunika mzee kwa koti lake."

Binti Pascoe akaanza kulia. "Ni kweli," alisema. "Baba alinikataza kusema."

Eino akaachiwa siku ileile. Mama yake alimkumbatia Lempi pale mlangoni hadi kofia ikamwanguka.

Mwaka uliofuata Bi Tregear alimwita Lempi awafundishe wageni wapya somo hilohilo. Alisimama mbele yao, chaki mkononi, unga bado kwenye nyusi. Nilikaa mstari wa kwanza, nimevimba kichwa kama shangazi wa bibi harusi.