Kibakuli Kando ya Jiko

Studio ya picha ya kijiji chetu imefungwa tangu majira ya machipuko. Hakuna tena wa kuwapiga wazee picha za kuwekwa mezani watakapokufa. Mimi, niliyetamani sana Hyeon Ok-sim, mwanamke aliyepiga picha hapo, aondoke, napita pale kila asubuhi nikienda kufundisha.

Alitengeneza filamu moja tu, dakika kumi na moja, bila neno wala muziki. Ni mvuke wa wali ukitoka nyumba hadi nyumba, siku ile moja ya majira ya baridi ambayo kijiji kizima hufanya tambiko, kwa kuwa watu wetu waliuawa wote na askari siku hiyo, mwaka 1948. Mwishoni, mikono ya mwanamke inaweka kibakuli kando ya jiko, mbali na meza ya wafu.

Niliiona mjini, kwenye ukumbi wa kanisa. Nikaijua ile mikono. Ya mama yangu.

Mimi ndiye niliyeanza kuwa na kamera, kabla ya Ok-sim. Miaka kumi nilimkalisha mama mbele ya kamera hiyo nikimuuliza habari za 1948, naye akijibu, "Hakuna la kusema. Kula."

Niliporudi nikamuuliza kibakuli ni cha nani.

"Cha dada yako. Alikuwa wa miezi mitatu siku ile. Mtoto mchanga hafanyiwi tambiko."

"Ukamwambia Ok-sim, mimi ukanificha!"

"Hakuniuliza. Miaka mitatu alikuja siku ya tambiko kunisaidia kuosha mboga, akaona. Wewe siku hiyo unasujudu sebuleni na wanaume wenzako, kisha unangoja supu. Lini umetia mguu jikoni kwangu?"

Sikulala vizuri wiki nzima. Kisha Ok-sim akanifuata shuleni.

"Mwalimu, nipe ukumbi Jumamosi. Mama yako anataka kujiona."

"Mkuu wa shule hatakubali. Na polisi je? Mauaji yale yamekatazwa kutajwa."

Mkuu sikuwa nimemuuliza. Ufunguo ulikuwa mfukoni mwangu.

"Unaogopa polisi," akacheka, "au unaniogopa mimi?"

"Nenda kapige picha za vitambulisho, ndiyo kazi yako."

Jumamosi mama alivaa nguo yake ya hariri, akakaa kibarazani tangu mchana. Nilimwambia kuwa Ok-sim ameghairi. Akaenda kubadilisha nguo.

Mwezi uliofuata polisi walimhoji Ok-sim kwa yale maonyesho ya mjini, na mwenye studio akamfukuza kwa woga.

Sasa yuko Osaka, Japani, anashona viatu kiwandani. Nakala ya filamu ni moja tu, na iko naye.