Nailoni ya Viti

Dalali wa yadi amefungua mlango wa gari, na harufu ya nailoni iliyopigwa jua ikanirudisha siku baba aliponunua gari.

Aliletewa mawili, bei ileile. Jeupe, fundi alilikagua hadi uvunguni akasema, "Mzee, chukua hili." Jekundu lilitoa moshi, ila viti vyake vilikuwa bado na nailoni.

"Baba watoto, si tuchukue jeupe?" mama alisema.

Baba alibetua mdomo. "Jeupe ni la teksi. Unataka wachuuzi wa samaki wanisimamishe Kirumba na ndoo zao za sato?"

Akachukua jekundu, bwana mkubwa yule mwenye jozi moja ya viatu! Nailoni akakataza isibanduliwe. Tulikaa nyuma tukitota jasho, mapaja yamenata. Hata Kisesa hatukufika, gari likazima. Tulirudi mjini na teksi, nyeupe, baba ameinama mbele asionekane.

"Bosi, lile jeupe pale ndilo zima," dalali ananiambia, akinionyesha gari la pembeni.

Najua. Hata fundi wangu kasema hivyo. Lakini nimeshakaa kwenye hili.

"Nitachukua hili," namjibu. "Na hiyo nailoni, mtu asiiguse."