Friji Zilizokuja Harusini

Mtaani kwetu, hapa Bagamoyo, harusi ikikaribia vyombo vinahama. Zinahama sufuria, mikeka na birika, na siku hizi hata friji. Majirani wanazileta kwa mkokoteni kwenye nyumba yenye shughuli, zinapangwa ukumbini, zinajazwa juisi ya ukwaju na nyama ya pilau. Shughuli ikiisha zinarudi kwao. Sikuwahi kumwona mtu akishangaa, mpaka alipokuja mkaguzi wa umeme.

Ilikuwa harusi ya dada yangu. Mimi nilipewa kazi ya vyombo, na niliipenda kwa sababu haitaki maneno. Mimi si msemaji. Mgeni akiingia natoa shikamoo, halafu narudi uani. Kila jirani alileta friji yake pamoja na kipande alichochana kwenye khanga yake, nami nikakifunga kwenye mpini, ili friji isije ikapotea njia wakati wa kurudi. Yetu peke yake haikuwa na kitambaa.

Mkaguzi alifika mchana, siku moja kabla ya ndoa. Wakwe zetu kutoka Lugoba walikuwa wamekwisha kukaa ukumbini, migongo yao karibu iguse zile friji. Alikuwa kijana mwenye adabu, shati limechomekewa. Alimwamkia mama vizuri, kisha akaanza kupiga picha.

"Mama, hapa mnauza nini?"

"Hatuuzi kitu, baba. Tuna harusi."

"Na friji zote hizi ni za nani?"

Mama aliwatazama wakwe, akamtazama yeye.

"Ni zetu."

Hapo ndipo balaa lilipoanzia. Lakini angesemaje? Kwetu, mbele ya wakwe, husemi kwamba umeazima. Ukisema hivyo umemshusha binti yako kabla hajatoka mlangoni, na aliyekupa chombo chake kwa moyo mmoja umemfanya mtu baki. Chombo kikishaingia kwenye shughuli ni chenu, mpaka shughuli iishe. Mkaguzi hakujua hayo. Aliandika tu alichosikia.

"Basi mama, nyumba hii ina umeme wa matumizi ya nyumbani. Huu mzigo ni wa bucha kubwa."

"Mpeni juisi huyo," shangazi yangu wa Fukayosi alisema kutoka jikoni. "Pengine ni kiu tu inamsumbua."

Wanawake walicheka. Yeye hakucheka. Alimpa mama karatasi, akaeleza inasema nini: kwamba tumefanya biashara kwa umeme wa nyumbani, na kwa miezi mingi tumetumia mzigo mkubwa bila kibali. Mama akisaini, amekubali kosa. Umeme unabaki na malipo ya miezi yote hiyo tunalipa kidogo kidogo. Asiposaini, unakatwa sasa hivi, akajitetee mbele ya kamati ya malalamiko.

"Jana na leo nimewasha friji nyingi," mama alisema. "Hilo liandike, nitalisaini. Hiyo miezi mingine siijui. Na umeme wenyewe ni wa luku, nanunua kwanza ndipo nawasha. Luku gani hiyo iliyonikopesha?"

"Mama, saini tu, harusi ni kesho."

"Harusi ni yangu. Sisaini."

Dada alitoka chumbani, hina bado mbichi mikononi, ameinyanyua mikono asiguse kitu. "Mama, nakuomba, saini. Tutaaibika."

"Aibu ni kusaini wizi ambao sikuufanya. Rudi ndani, utaharibu hina."

Mwenzake mkaguzi, aliyekuwa akingoja nje na ngazi, akapanda kwenye nguzo. Feni ikapunguza mwendo, ikasimama.

Nyama isingesubiri. Ikabidi friji zirudi kwao saa ileile, zikiwa zimejaa, moja moja, mbele ya macho ya wakwe. Nilifuata vitambaa: hiki cha jirani wa kushoto, hiki cha mama muuza vitumbua, hiki cha familia ya Kihindi yenye duka la kona. Nilikuwa nimeinamisha kichwa. Mama mkwe wa dada alinisogelea, akashika kitambaa kimoja.

"Kumbe na nyinyi mnafunga?" alisema. "Sisi kwetu tunapaka rangi ya kucha."

Basi harusi ikafanyika, juisi ikichotwa nyumba kwa nyumba kwa ndoo.

Tulikaa na taa za sola wiki nyingi. Watu walimwambia mama alipe yaishe. Hakulipa. Siku ya kamati nilimsindikiza ili nimbebee pochi tu. Mkaguzi alitandaza picha zake mezani, zimechapishwa kubwa, zinang'aa.

"Mwenyewe alikiri ni zake," alisema.

Mama alianza kujieleza, akaishia kupiga meza kwa hasira. Mimi nilikuwa naangalia picha. Vitambaa vyangu vyote vilikuwemo. Nilisimama.

"Samahani. Hivyo vitambaa kwenye mipini nimefunga mimi."

Mwenyekiti wa kamati, mama wa makamo, akaniangalia. "Vya nini?"

"Ili kila friji irudi kwao. Isiyo na kitambaa ndiyo yetu. Ni hiyo moja."

"Sasa kwa nini mama yako alisema ni zake?" mkaguzi aliniuliza.

"Wakwe walikuwa wamekaa pale."

Sauti yangu ilikuwa ndogo, lakini mwenyekiti aliisikia. Alifunika mdomo kwa mtandio, na nadhani alikuwa anacheka. Kisha akamgeukia mkaguzi. "Wewe hujaoa?"

Yale malipo ya miezi yakafutwa. Tukaambiwa tulipie kurudishiwa umeme.

"Sikuukata mimi," mama alisema. "Aliyeukata aurudishe."

Walinong'onezana muda mrefu. Umeme uliporudi, hatukuwa tumetoa hata senti.

Mwezi huu mama muuza vitumbua anamwoza mwanawe. Watu wametuonya tusithubutu tena. Jana nimechana khanga yangu mwenyewe, nikafunga kipande kwenye mpini wa friji yetu, nikasukuma mkokoteni mpaka kwake. Tumepanga kuwasha friji zote kwa zamu, luku isielemewe. Mkaguzi akija na karatasi yake, mwenye shughuli atasema ni zake, kama inavyotakiwa. Halafu nitamwita huyo mkaguzi pembeni, nimweleze mimi.