Mwanga Uliompandisha Bonge Dirishani

Mama Sindano alikuwa mjane, fundi cherehani wa ghorofa ya saba. Katika jengo la mbele, ghorofa ya tano, alikuwa na rafiki ambaye hata jina lake halijui: mtoto wa miaka miwili na ushee, mashavu tele. Mwenyewe alimwita Bonge. Asubuhi jua likipiga upande wake, fundi huinua kioo cha wateja akautupa mwanga ng'ambo. Unaingia dirishani, unacheza ukutani, na Bonge anaurukia kwa vicheko. Vicheko havisikiki, lakini fundi alishukuru Mungu kwa hivyo hivyo.

Siku hiyo mkono ukateleza, mwanga ukatua kizingitini mwa dirisha. Dirisha lilikuwa wazi, halina nondo. Bonge akaburuta kiti, akapanda, akaweka goti kizingitini.

Fundi akakishika kioo kwa mikono miwili.

"Piga kelele mama yake asikie!" akasema muuza samaki, aliyekuja kujaribu gauni, pini zimemjaa ubavuni.

"Nikipiga kelele mtoto atanijia mimi, aanguke."

"Basi shusha hicho kioo!"

"Nikishusha atautafuta mwanga nje. Nyamaza, mdogo wangu. Niombee."

Muuza samaki, ambaye mdomo wake haujui likizo, akaomba kwa kunong'ona.

Mwanga ulitetemeka kule kwa sababu mkono ulitetemeka huku. Fundi akaegemeza viwiko juu ya cherehani. Ee Mola, nishike. Akausogeza taratibu hadi mgongo wa kiti. Bonge akageuza shingo. Akaushusha kwenye kikalio. Goti likarudi ndani. Akautupa sakafuni. Bonge akateremka kwa tumbo, mguu mmoja ukipapasa chini, ukapata.

Mlango ukafunguka. Mama yake akaingia na taulo begani, akaona kiti, akaona dirisha. Akalifunga kwa kishindo, kisha akamkumbatia mwanawe, wakakaa chini vivyo hivyo.

"Yamekwisha," muuza samaki akapumua. "Nitoe hizi pini, zinanichoma kuliko miiba ya samaki wangu."

Fundi alikuwa anavaa viatu.

"Unakwenda wapi?"

"Kumwambia mama yake kwamba ni mimi."

"Una wazimu? Hajakuona! Atakutukana mpaka ukoo wako."

"Na atukane. Kesho mtoto atakipanda tena kile kiti kunitafuta, na mama yake hajui anatafuta nini."

Akaanza kushuka ngazi, ameshika ukuta. Muuza samaki akamfuata na pini zake.

"Ngoja basi, dada! Hayo matusi ni mengi kwa mtu mmoja. Tugawane."