Mtani Hashitakiwi

Nilichoka na lile benchi la ofisini Kilosa kuliko nilivyowahi kuchoka na jembe. Lilikuwa refu, mguu mmoja umelegea, na kila aliyeinuka aliwayumbisha waliobaki. Baba na mimi tulilikalia masika nzima, tukisubiri mtu wa kutueleza kwa nini cheti chake kimefutwa kabla hajaulizwa hata swali moja.

Ilikuwa miaka ya vijiji vya ujamaa, nami nilikuwa nafundisha kisomo cha watu wazima Kidete. Baba alikuwa kwenye genge la reli, wale wanaojenga upya tuta kila mto Mkondoa unapolizoa. Babu alitoka ng'ambo ya Ruvuma kuja kukata mkonge, lakini baba mwenyewe alizaliwa humu humu wilayani, na bibi aliyemzaa alikuwa mtu wa milima ya Vidunda. Cheti chake cha uzawa kilisema hivyo. Kwa cheti hicho alikuwa na kazi, nyumba ya reli, na shamba kijijini. Sasa barua ilisema hakitambuliki tena, kwa kuwa mwenyewe amekiri hadharani kuwa ni mgeni, hivyo ajiandae kurudi kwao. Kwao wapi? Huo mto Ruvuma hakuwahi hata kuuona.

Kukiri kwenyewe kulitokea makaburini, siku tuliyomzika bibi. Watu wa mkonge na wenyeji wa bondeni walikuwa na utani baina yao, utani mzito uliozaliwa mashambani, na mtani wa baba alikuwa jirani yetu, mzee mmoja mkulima wa mpunga mwenye ulimi usio na breki. Msibani mtani ana kazi yake: kuwachekesha wafiwa ili majonzi yasiwazamishe. Basi siku ile aliingia kaburini, akalala chali, akakataa kutoka.

"Huyu mama tutamzika, ni mtu wa milima yetu!" akapaza sauti. "Lakini wewe mla mihogo mibichi, ondoka hapa! Rudi kwenu ng'ambo!"

Mtani hakasirikiwi, hujibiwa. Baba, machozi yanamtiririka, akamjibu, "Kweli bwana, mimi mgeni. Nililetwa juzi nimefungwa kamba kama mbuzi. Ningekwisha kuondoka, lakini nani atawafundisha nyinyi wavivu kulima?"

Watu wakacheka huku wanalia. Mtani akaahidiwa kuku wake, akatoka kaburini, tukazika.

Nyuma ya waombolezaji alikuwa amesimama ofisa kijana aliyehamishiwa kwetu karibuni. Kwao, nilikuja kuelewa baadaye, msibani watu hulia tu. Yeye alimsikia mgeni akikiri, akaenda kuripoti. Sidhani kama alikuwa mtu mbaya. Lakini asiyejua jambo huuliza, na yeye hakuuliza.

Ndipo nenda rudi ilipoanza. Treni ikichelewa tulikuta ofisi imefungwa; ikiwahi tulikuta mkubwa wao ameenda Mikumi kwenye mkutano. Makarani walimwamkia baba shikamoo vizuri kabisa, kisha wakamwambia arudi kesho. Marahaba zake zikawa zinafifia siku hadi siku. Husemwa ngoja ngoja huumiza matumbo. Sisi ilituumiza na miguu, na mimi ilinitia uchungu wa roho ambao mpaka leo nikiona benchi la ofisi yoyote unarudi.

Siku tuliyompata mkubwa sikungoja baba aseme.

"Ndugu, mzee huyu hajaitwa wala hajaulizwa," nikamwambia. "Hata mwizi wa kuku husomewa shitaka lake."

"Mtu akishakiri, dada, aulizwe nini tena?"

"Aulizwe alikuwa anazungumza na nani."

Akafikicha macho. Nadhani naye alikuwa amechoka. Akakubali kuitisha kikao, ila akataka yule aliyeanza maneno yale makaburini aje mwenyewe kuyaeleza.

Mimi nilitoka pale nimefurahi. Baba hakufurahi.

"Mtani hashitakiwi, mwanangu," aliniambia njiani. "Nikimwita ajieleze mbele ya wakubwa, utani umekwisha hapo hapo."

"Na nyumba je, baba? Na kazi?"

Mama alimsihi, nikamsihi na mimi, akakataa katakata. Nilimkasirikia sana. Niliona tunafukuzwa na yeye anakumbatia mzaha. Mwishowe mtani alizipata habari kwa majirani, akaja mwenyewe asubuhi amevaa kanzu yake ya Idi. Njia nzima hadi Kilosa hakumtupia baba neno la utani hata moja, nami nikafikiri labda anaogopa ofisi.

Kikao kilikuwa cha haki, siwezi kusema vingine. Walisoma madai, wakatoa nafasi, wakasikiliza. Mwenyekiti akamuuliza mtani kwa upole, "Mzee, yale maneno ya makaburini yalikuwa kweli au uongo?"

Mtani akaanza kueleza mambo ya utani, kwamba ni desturi. Wakamwomba ajibu swali.

"Uongo," akasema.

"Kwa hiyo ulisema uongo msibani?"

"Ndiyo."

Wakamgeukia baba. "Na wewe, uliposema kuwa ni mgeni, ulidanganya?"

Baba akamtazama mtani, nikamgusa kiwiko.

"Nilidanganya."

"Mbele ya maiti ya mama yako?"

Nilitaka kusimama niwaambie inatosha, lakini mimi ndiye niliyedai aulizwe.

"Ndiyo," baba akasema.

Yakaandikwa hivyo. Cheti kikarudishwa, kikagongwa muhuri mpya, na yule ofisa kijana akampa baba mkono kwa heshima zote.

Tuliposhuka stesheni ya Kidete, mtani alimshika baba mkono kwa mikono yake miwili. "Pole sana, ndugu yangu," akamwambia.

"Nashukuru, ndugu," baba akajibu.

Tangu nizaliwe sikuwahi kuwasikia wakiitana hivyo. Walikuwa wakiitana mbwa, mchawi, mtumwa wangu. Nikawafuata nyuma kandokando ya reli, cheti kiko mkobani mwangu, nikiomba moyoni mmoja wao amtukane mwenzake. Walizungumza habari za mvua, kwa adabu, mpaka nyumbani.